Kadi ya watu wawili wanakuja saba. Wadau wa Tanga, harusi tunazifanyaje sasa?

BarabaraYaKumi (mleta uzi)

Wakuu habari za saa hizi. Naomba nitoe ya moyoni alafu mnishauri, maana Mfunguo Mosi, mwezi unaofuata Ramadhani, namuozesha mdogo wangu wa kiume na kidonda cha harusi ya dada yake bado hakijapona, madeni yenyewe hayajaisha.

Iko hivi. Dada tulimuozesha mwaka jana hapa hapa Tanga. Ijumaa nikaha mskitini na walima, yaani karamu ya ndoa, nyumbani Ngamiani, hiyo ilikwenda salama sina neno nayo. Balaa ni Jumamosi usiku ukumbini, maeneo ya Raskazone. Mimi ndo nilikuwa mwekahazina wa kamati na kwa ujinga wangu nikajipa na kazi ya kadi. Tulitoa dabo 100 na singo 50, piga hesabu ni watu 250. Viti 250, sahani 250, soda mbili mbili ambazo kwa kreti la chupa 24 ni kreti 21, nikaongeza mbili za akiba nikajiona mjanja.

Mlango umefunguliwa, wa kwanza kabisa ni mama mmoja jirani yetu ana kadi ya dabo. Yeye, mumewe, watoto wanne na dada wa kazi. Kijana wa mlangoni akamwambia kwa adabu kabisa mama kadi ni ya wawili, akajibiwa "kwani hawa nimewaokota? Wawili ni mimi na baba yao, hawa ni wetu." Sasa hapo unajibu nini? Wakapita.

Alafu ikaja Koasta. Baba mdogo wa Pangani tulimpa kadi dabo tano, yaani watu kumi. Wakuu, ile Koasta imeteremsha watu 28, nimehesabu mwenyewe nimesimama kwenye ngazi, wa mwisho kushuka alikuwa bibi kizee, mkono mmoja kashikiliwa mkono mwingine kashika hotipoti. Tupu. Nikajua leo tumekwisha.

Mpaka saa nne usiku vichwa vilishafika 340 na kitu. Watu wanakalia viti vya mapambo, watoto wako chini ya meza ya keki, MC anaomba "wanafamilia tuwapishe wageni" mara tatu na hakuna aliyenyanyuka maana kila mtu anajiona mgeni. Sisi kamati tulikula mishikaki ya barabarani saa saba usiku na suti zetu. Hilo si kitu, kubwa ni kwamba shangazi wa bwana harusi, upande wa waoaji yaani wageni wenyewe haswa, alikosa sahani. Hakusema kitu, alichukua mkoba wake akaondoka. Mpaka leo mawifi wanamsema dada kwamba kwao waliitwa kuja kutazama mapambo.

Sasa hii ya Mfunguo Mosi nifanyeje? Nataka ushauri wa watu walioozesha, sio wa waliokula tu.

Chupa_ya_Chai

Pole mkuu ila hiyo hotipoti imeniua mbavu sina. Bibi alikuja na mpango kazi.

MtuWaMahesabu

Mnajitakia wenyewe. Mimi sio mtu wa huko nipo Dar, harusi yangu tuliweka kadi za WhatsApp zenye kile kimraba cha kuskani mlangoni, ukiskaniwa mara moja kadi imekufa, hata ukimtumia mwenzio picha yake haifanyi kazi. Kadi imeandikwa wazi ni ya watu wangapi na watoto hawaruhusiwi. Mabaunsa wawili, nyie kamati mnakaa mbali msionekane ili msibembelezwe. Watu waligomba pale nje nusu saa wakachoka wakarudi makwao. Kila aliyekaa alikula na chakula kilibaki. Mnaleta undugu kwenye mambo ya bajeti ndo maana mnalia.

Binti_Sahare

@MtuWaMahesabu hayo fanya huko huko kwenu. Huku ukimweka baunsa amzuie shangazi yako mlangoni, siku umefiwa na mama utaita mabaunsa waje kumuosha? Nauliza tu. Maana wale wale mnaowaita wazamiaji ndo wanaokaa na wewe siku tatu kwenye msiba, wanateka maji, wanapika, wanalala kwenye majamvi na hakuna aliyewapa kadi. Huwezi ukawataka watu bila hesabu kwenye tanzia alafu kwenye harusi ukawahesabu kama nazi.

Ila mleta uzi na wewe nikuulize. Mtoto mchanga wa mgeni umemhesabu kwenye hao 340? Manake nyie wanaume mkisimama kwenye ngazi mnahesabu mpaka vivuli.

BarabaraYaKumi

@Binti_Sahare waliobebwa mgongoni sikuwahesabu, namshukuru Mungu. Ila hoja ya msiba imenikaa hapa kooni.

Tembo_wa_Duga

Mimi niliwahi kuzamia harusi ya watu nisiowajua kabisa nikiwa chuo, mpaka kwenye picha ya ukoo nipo, nimesimama karibu na babu yao. Leo nimeshakua naona aibu. Endeleeni.

Mpishi_wa_Kuni

Ngoja na mie niseme maana hizi harusi nazipika mwaka wa kumi na tano sasa, Ngamiani, Makorora, Mabawa, mpaka Muheza naitwa.

Kwanza mleta uzi hesabu yako ilikuwa ya viti, hesabu ya chakula ni nyingine kabisa. Kwangu kilo moja ya mchele wa pilau ni watu saba, nyama kilo moja watu sita. Kwa hiyo watu 250 ni mchele kilo 36. Lakini hakuna mpishi wa pwani mwenye akili timamu atakayepika 36. Ukiniambia 250 mie napika ya 300, kilo 43, na sikwambii, maana nikikwambia nawe utaongeza kadi. Na pembeni naacha mchele kilo 10, nazi za kukuna na maharage yaliyokwisha chemka. Pilau ukishaipalia moto wa juu imeisha, hailetewi maji wala mjadala, lakini wali wa nazi na maharage Koasta ikiingia naubandika na dakika arobaini watu wanakula. Wanaokuja wa mwisho hawatasema mbona sisi wali mweupe, watasema alhamdulillahi maana wenyewe wanajua walivyokuja.

La pili, ile bufee ya ukumbini ndo inawamaliza, idadi ya watu haijafika hata hapo. Mtu kashika sahani peke yake anajaza mlima, nyama anazificha chini ya wali, anakula nusu anaiacha. Nyumbani kwenye sinia watu watano wamezunguka wanatazamana usoni, nani ataanza kuchukua finyango ya tatu? Aibu inagawa chakula kuliko mie na upawa wangu. Watoto nawawekea sinia lao wenyewe nane nane, wanapigana kidogo wanashiba. We mwenyewe umesema Ijumaa walima ilikwenda salama. Hukujiuliza kwa nini? Unadhani Ijumaa hawakuja wa ziada? Walikuja, hukuwaona tu.

La tatu mgawa nyama asiwe kijana mwenye mchumba pale harusini. Hili nimelipata kwa machungu.

Mzee_wa_Baraza

Wanangu salaam aleikum. Mambo haya si mapya. Ipo hadithi kwenye Bukhari na Muslim, Ansari mmoja akiitwa Abu Shuayb alimwambia kijana wake aliyekuwa muuza nyama atengeneze chakula cha watu watano, Mtume (SAW) akiwa mmoja wao. Wakiwa njiani akawafuata mtu wa sita ambaye hakuitwa. Walipofika, Mtume akamwambia mwenye nyumba, huyu ametufuata, ukipenda mruhusu, usipopenda atarudi. Abu Shuayb akasema nimemruhusu.

Na ipo nyingine kwamba chakula cha wawili kinawatosha watatu, na cha watatu kinawatosha wanne. Kwa hiyo mleta uzi punguza uchungu. Kiswahili chetu chenyewe kina neno mdoezi tangu enzi za mababu, na neno haliwekwi kama watu hawapo.

Chupa_ya_Chai

Mzee shikamoo. Ila naomba niulize kwa adabu, hiyo hadithi ya kwanza mbona kama inambeba mleta uzi? Mgeni ndo aliyesema mlangoni kwamba huyu hakuitwa na akampa mwenye nyumba nafasi ya kukataa. Yule mama wa watoto wanne angesema "mwanangu samahani nimekuja na hawa, mna nafasi?" nadhani hata huu uzi usingekuwepo.

Mzee_wa_Baraza

Marahaba. Umenishika. Kweli kabisa, adabu pale ilikuwa ya pande mbili.

MtuWaMahesabu

Cha wawili kinatosha watatu sawa, cha 250 kitatosha 340 ndio? Tusichanganye dini na kreti za soda.

Kivuko_Asubuhi

Nimesoma huu uzi toka juu nikafika kwenye hotipoti nikaiweka simu chini. Alafu nikaishika tena.

Mimi nilikuwa kwenye ile Koasta.

Sitaji majina ya mtu lakini mleta uzi utanijua tu. Naomba nikwambie upande wetu maana umehesabu watu na hujahesabu vingine. Zile kadi tano zilifika kwa baba yako mdogo kwa WhatsApp siku ya Jumatano. Kabla ya hapo, wiki mbili nyuma, mama yako mzazi alipiga simu akasema maneno haya haya, "njooni wote, mtoto ni wenu, mkibaki hata mmoja sitawasamehe." Sasa kwa watu wazima wa Pangani mwaliko ni upi, simu ya mama mwenye mtoto au picha ya maua kwenye simu ya mtu mmoja? Sisi tulidhani kadi ni ukumbusho.

Alhamisi tulitanguliza nazi 150 na mbuzi wawili kwa gari ya mzigo. Zilipokelewa hapo kwenu Ngamiani. Pilau na wali wa hiyo walima yenu ya Ijumaa iliyokwenda salama huna neno nayo, uliza nazi zilitoka wapi. Koasta tulichangishana wenyewe. Kuna waliotoka Bweni, wamevuka na kivuko alfajiri ndo waje wapande gari.

Na bibi wa hotipoti ni bibi yangu. Mumewe ni ndugu wa babu yenu, yuko kitandani mwaka wa pili haamki. Alisema yeye hawezi kwenda ila aletewe cha harusi ya mjukuu aonje. Ndo ile hotipoti. Ilirudi tupu kama ilivyokuja.

Binti_Sahare

Ya Rabi.

Tembo_wa_Duga

Na mimi nilicheka hiyo hotipoti, kicheko changu nakirudisha. Samahani bibi.

BarabaraYaKumi

Wakuu nilinyamaza kidogo, nilikwenda kumuuliza mama.

Ni kweli. Nazi zilikuja, mbuzi walikuja, na simu alipiga. Nikamwambia mama mbona hukuniambia, akanijibu "we ulikuwa na daftari lako la michango ya pesa, nazi ungeziandika wapi?" Na kweli daftari langu lina jina, ahadi, alicholipa, baki. Baba mdogo nimemwandika baki 70,000. Nimemkata na kalamu mbele ya mama lakini aibu haikatiki.

@Kivuko_Asubuhi ndugu yangu nisamehe. Sina la kuongeza.

MtuWaMahesabu

Mimi bado nasimama pale pale kwamba tatizo ni mawasiliano. Mama anaalika kwa mdomo, mtoto anaalika kwa kadi, wala hawajakaa pamoja. Ni bajeti mbili kwenye harusi moja. Ila za nazi hizo sikuzijua, kwetu mtu anatuma kwa simu tu.

Binti_Sahare

Hapo sasa umeongea. Mleta uzi nikushauri kitu kimoja, kabla hujachapisha kadi hata moja kaa na mama, mashangazi na somo (kungwi) wa bi harusi muulizane kila mmoja kamwambia nani "njoo na wenzio". Usiwaulize wamealika wangapi, watakudanganya sio kwa ubaya, wao hawahesabu hivyo. Waulize majina ya nyumba. Nyumba ya fulani barabara ya 14, nyumba ya fulani Chumbageni. Alafu we mwenyewe unajua ile nyumba ina watu wangapi.

Na mlangoni asimame mtu mzima. Shangazi mmoja mwenye sauti. Kijana akimwambia mtu kadi ni ya wawili ni dharau, shangazi akisema "mwanangu hao watoto walete huku nyumbani kuna sinia lao" mtu anacheka anawatoa.

Mpishi_wa_Kuni

Au acheni ukumbi. Nikaha mkagawa halua na kahawa mskitini, walima nyumbani kwa masinia, mkamaliza. Kaka zangu mnakopa hela mkodi viti vyenye vitambaa mkae saa nne mkitazamana.

Chupa_ya_Chai

Mpishi anajitafutia kazi hapa hapa, nimeona.

Mpishi_wa_Kuni

Rizki haikataliwi yakhe.

Kivuko_Asubuhi

@BarabaraYaKumi yameisha ndugu yangu. Hujakosea peke yako, hata sisi tungepiga simu kusema tuko 28. Ila uzi usifungwe, ulete mrejesho.

BarabaraYaKumi

MREJESHO kama nilivyoombwa. Harusi imepita Jumapili iliyopita, niko hai.

Ukumbi tuliufuta. Kulikuwa na kelele, mdogo wangu alinuna siku mbili kwa sababu ya picha, mpaka bi harusi mwenyewe aliposema hiyo hela ya ukumbi anaitaka kitanda na friji. Tukaenda ofisi ya serikali ya mtaa tukaomba kufunga kipande cha barabara, tukapiga maturubai, majamvi upande wa wanaume na upande wa kina mama uani. Kadi tulichapisha 40 tu, za wafanyakazi wenzake na wageni wa nje ya mkoa ambao bila kadi wangeona hawajaalikwa.

Majina ya nyumba tuliyakusanya kama alivyosema Binti Sahare. Kazi ilichukua jioni tatu na ugomvi mmoja. Mama kumbe kikundi chake cha upatu alishakialika kizima, kina mama 40, na kila mmoja kaambiwa "usije peke yako". Tungekuwa na kadi nisingejua mpaka siku yenyewe. Pangani nilipiga simu mimi mwenyewe, nikamwamkia baba mdogo nikamuuliza mnakuja wangapi kweli kweli, akacheka sana akasema thelathini. Walikuja 31, dereva wa Koasta nae alikaa kwenye sinia, na kwenye buti nazi 200. Safari hii nimeziandika. Daftari lina ukurasa wa nazi, mchele, mbuzi na kuni.

Jumla tulikadiria watu 400, Mpishi wa Kuni (ndio, nilimtafuta, ni yeye huyu huyu) akapika ya 460 bila kuniambia kama kawaida yake. Saa tisa mchana kuna kundi likaingia la vijana kama kumi na tano hakuna anayewajua mpaka leo, wakabandikiwa wali wa nazi na maharage, wakala, wakaosha masinia bila kuambiwa, wakaondoka. Sijui ni malaika au ni Tembo wa Duga na wenzake.

Hasara zipo. Masinia sita hayajulikani yalipo, shemeji mmoja kalalamika hakupewa kiti cha mbele wakati viti vya mbele havikuwepo, na soda zilikwisha saa nane tukanunua kwa bei ya dukani. Deni lipo ila ni dogo, la mwaka jana ndo bado linanikodolea macho.

Yule shangazi aliyekosa sahani mwaka jana tulimfuata nyumbani mimi na dada siku nne kabla. Alikuja. Hajasema kitu, lakini alikuja na watu watano.

Na bibi wa Pangani alishuka wa mwisho kama siku ile, kashikiliwa mkono mmoja. Kabla hajavua viatu nikachukua hotipoti nikaipeleka mwenyewe jikoni kwa mpishi, pilau, nyama za kutosha, kachumbari kwenye kikopo pembeni.

Chupa_ya_Chai

Hotipoti ile ile?

BarabaraYaKumi

Hapana. Safari hii alikuja na kubwa.